"Saini Hii Si Yangu": Mambo ya Kufanya Kabla ya Kuikana Mahakamani

Msimu wa pembejeo ukikaribia, meza yetu ya uchunguzi wa nyaraka hujaa mafaili ya sura moja. Wakala wa kuuza pembejeo anadai malipo yake au anapinga kufutiwa uwakala, mkulima anaoneshwa daftari lenye jina lake, anatikisa kichwa: "Saini hii si yangu." Malalamiko haya yameongezeka, na mengi ni ya haki. Mengine yanakufa kwa sababu mlalamikaji amekuja mikono mitupu.

Hapa Tanzania, enzi za vocha za ruzuku (hati za kumpunguzia mkulima bei ya pembejeo), zilizoanza 2008, mkulima alisaini vocha dukani na wakala akaipeleka benki alipwe. Vocha moja iliyosainiwa na asiyehusika ilitosha kugombanisha wakala, kamati ya vocha ya kijiji na halmashauri. Siku hizi mkulima husajiliwa na kupewa namba, lakini karatasi hazijaisha. India, ambako maduka ya nafaka ya mgao huendeshwa kwa leseni ya serikali, nako ni yale yale: mwenye kadi ya mgao anaapa kwa maandishi kwamba hakupewa ngano, kisha linaibuka karatasi jingine lenye jina lake likisema alipewa. Sheria ya Ushahidi ya India ya 1872 ndiyo iliyotumika Tanganyika hadi tulipotunga yetu mwaka 1967, kwa hiyo hakimu wa huko na wa hapa huuliza maswali yanayofanana.

Swali la kwanza: nyaraka halisi iko wapi? Tunaletewa fotokopi, au picha iliyopigwa kwa simu na kidole kikiwa kimefunika pembe. Fotokopi haioneshi mgandamizo wa kalamu wala pale ilipoinuliwa katikati ya herufi. Mwenye saini huipita kwa kasi. Anayeiga huchora polepole, na wino hutetemeka kwenye kona. Kuna jambo huwashangaza wengi: saini mbili zikilaliana sawasawa bila kupishana hata kidogo, tunazitilia shaka zaidi, maana hakuna binadamu anayesaini hivyo. Moja huenda imefuatishwa juu ya nyingine.

Swali la pili: saini za kulinganishia ziko wapi? Kusaini mara ishirini mbele ya mpelelezi ni sawa, lakini hakutoshi, kwa sababu wakati huo mtu anajua anachotafutwa. Leteni saini za kabla ya ugomvi na za miaka ya karibu na nyaraka inayobishaniwa: fomu ya benki, daftari la kikoba, mkataba wa kukodi shamba. Tuelezeni pia mazingira. Aliyesaini kwa kalamu ya kuazima, karatasi likiwa juu ya mfuko wa mbolea, hafanani na yeye mwenyewe akiwa mezani.

Ripoti yetu ni maoni ya mtaalamu. Hakimu anaweza kuikubali, kuikataa, kulinganisha saini kwa macho yake, au kumsikiliza mtu aliyeuzoea mwandiko huo, awe karani au mke. Hatumfungi mtu, na hatuwezi "kuharakisha" majibu kwa mtu aliyepiga simu.

Katika kesi ya madai, anayesema saini imeghushiwa ndiye anayethibitisha, tena kwa uzito kuliko madai ya kawaida. Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki ilisema hivyo mwaka 1957 na mahakama zetu zinaifuata. Kwenye jinai, Kanuni ya Adhabu inatoa hadi miaka 7 jela kwa kughushi; kwa nyaraka kama wosia au hati ya kumiliki ardhi adhabu hufika kifungo cha maisha. Anayewasilisha nyaraka ya kughushi akijua, naye huadhibiwa kama aliyeighushi. Wakala asiseme hakushika kalamu.

Kuhusu "nilimsainia mama mkwe, alikuwa shambani": andika jina lako na maneno "kwa niaba ya". Ukiiga saini yake, jiandae kuhojiwa, hata kama mifuko ilimfikia yote. Na dole gumba ni saini. Tumechoka kusikia "mimi sikusaini, niliweka dole tu."

Nyaraka inayobishaniwa iwekwe kwenye bahasha bila kukunjwa, bila pini, bila kuandikwa chochote juu yake. Na tafadhali, msiipige lamineti.