Entropia kinyume si friji

Wiki iliyopita, ufukoni Dunga, nilimsikia fundi mmoja kijana wa mafriji akimweleza mama muuza mbuta kwamba friza aliyotoka kuitengeneza "inafanya entropia kinyume". Si mara ya kwanza kuisikia istilahi hiyo ikitumiwa hivyo hapa Kisumu, na kwa kuwa msikilizaji huwa anaitikia kwa heshima bila kuuliza, naona ni heri niandike.

Maana yenyewe si ndefu. Entropia ni kipimo kinachotokana na wingi wa namna ambazo chembe za kitu zinaweza kujipanga huku sura yake ya nje ikibaki ileile, na kanuni ya pili ya themodinamiki, yaani elimu ya joto na kazi, inasema kwamba katika mfumo uliojitenga kabisa, usioingiza wala kutoa kitu, kipimo hicho hakipungui. Entropia kinyume ni jambo la kubuniwa, la hadithi za kisayansi: ni mahali penye mpaka ambapo kipimo hicho hushuka chenyewe, kutu ikarudi kuwa chuma na samaki aliyeoza akarudi kuwa mbichi, bila chochote nje ya mpaka huo kulipia mabadiliko hayo.

Kinachoniudhi zaidi ni imani kwamba "entropia" ni neno la Kigiriki la uozo. Rudolf Clausius, Mjerumani aliyeliunda mwaka 1865, alilitoa katika neno "tropē", yaani mgeuko, akalipa umbo linalofanana na "energia", yaani nishati, kwa makusudi, kwa sababu aliziona dhana hizo mbili kuwa ndugu. Hakuwa akiwaza samaki wala matunda. Alikuwa akichunguza jinsi joto linavyogeuka kuwa kazi, suala lililoletwa na injini za mvuke, jamaa za zile zilizokuja na reli hadi ziwani hapa mwaka 1901. Habari ya kuihusisha entropia na vurugu iliingia baadaye kupitia mwanafizikia Ludwig Boltzmann, ambaye mlinganyo wake wa entropia umechongwa juu ya kaburi lake mjini Vienna. Kwa hiyo anayesema "entropia kinyume" anasema, kwa asili ya maneno, mgeuko uliogeuzwa, na hapo Kiswahili kina neno lake la kuchangia.

Tunayo kauli ya kutendua. Tunafunga tukafungua, tunakunja tukakunjua, tunaanika tukaanua. Lakini hakuna "kuozua", wala hakuna "kuchakaua". (Kuoza kwa maana ya kumpa binti mume ni kitenzi kingine, ingawa hicho nacho, wazee watakwambia, hakitenduliwi kwa urahisi.) Isitoshe, vitenzi hivi vya kutendua vinadai mtendaji: nguo iliyoanikwa haijianui, bali mtu hutoka nje akaianua, na jasho linalomtoka ni sehemu ya hesabu. Entropia kinyume ya hadithini ni ile "kuozua" ambayo hatuna, tena isiyo na mtendaji wala jasho.

Sasa turudi kwenye friza ya yule mama. Mtu akipitisha mkono nyuma yake atakuta joto, nalo ni lile lililotolewa ndani pamoja na lile linalotokana na umeme unaoiendesha. Entropia iliyopungua kwa samaki waliopoa imeongezeka hewani, na kwa kiasi kikubwa zaidi. Huko ni kuhamisha. Barafu iliyomwagwa juu ya mbuta haifanyi hata hayo ya umeme: inayeyuka ikichukua joto la samaki, bakteria wanazubaa, na uozo unachelewa. Ila samaki aliyefika sokoni akiwa ameanza kunuka atatoka kwenye barafu akiwa bado ananuka, jambo ambalo wanunuzi wa Kisumu hawahitaji kufundishwa na fizikia.

Wapo pia wanaochanganya entropia kinyume na "entropia hasi", na hao nawaelewa zaidi, kwani mwanafizikia Erwin Schrödinger mwenyewe aliandika mwaka 1944 kwamba kiumbe hai hujilisha kwa entropia hasi, yaani hudumisha mpangilio wake kwa kuchota mpangilio kutoka nje. Maneno hayo ni ya uhalisia. Gugumaji linalotanda ziwani linajenga majani yenye mpangilio wa ajabu kutokana na maji, hewa na virutubisho vilivyotapakaa, na linaweza kufanya hivyo kwa sababu jua linaligharamia kila siku. Likikatwa na kurundikwa ufukoni, huoza kama kitu kingine chochote.

Kwa hiyo, kijana wangu fundi, kazi yako ni nzuri na mama yule alikuwa na haki ya kuifurahia. Siku nyingine mwambie tu kwamba friza yake inatoa joto ndani na kulitupa nje, na kwamba ndiyo maana isisukumwe ikabana ukutani.