Uso wa mtu kwanza

Vijana wanaotaka kujifunza kamera huniuliza kwanza bei zake. Mimi huwapeleka uani mwendo wa saa saba mchana na kuwaambia watazamane usoni. Kampala iko karibu na ikweta, na saa hiyo jua liko utosini: macho yamezama kwenye kivuli cha nyusi, paji la uso linang'aa. Ndiyo maana mahojiano ya nje nayafanya kabla ya saa nne asubuhi au baada ya saa kumi jioni. Ikishindikana, namweka mtu chini ya mwembe, uso aelekeze kwenye uwazi.

Halafu kuna kamera yenyewe. Ukiiacha ijipimie mwanga, huchukua wastani wa picha nzima. Nyuma pakiwa na ukuta mweupe, inapunguza mwanga, na mtu mweusi anageuka kivuli. Nilipoanza, baada ya miezi ya kubeba stendi na nyaya, nilimpiga picha hivyo mama mmoja muuza samaki wa Kisenyi, mtaa wa hapa Kampala. Alizungumza vizuri mno. Ilipotangazwa, watu wa kwake walimtambua kwa sauti tu. Jambo hilo linaniuma hadi leo. Sasa napima mwanga shavuni, na ukuta ukiungua kwa mwanga, na uungue. Milia ya zebra, yaani mistari inayotokea kwenye skrini ya kamera pale mwanga unapofikia kiwango ulichokiweka, wengi hufundishwa kuiweka asilimia 70, kipimo kilichozoeleka kwa ngozi nyeupe, mimi naishusha hadi karibu 50.

Ndani ya nyumba kumbuka umeme wetu ni hezi 50. Piga fremu 25 kwa sekunde, shata (muda wa kuingiza mwanga) 1/50 ya sekunde, la sivyo taa za mirija zitapepesa kwenye picha.

Kwenye seti ya filamu fokasi, yaani kuifanya picha iwe kali, huwa na mtu wake. Kwenye habari na sherehe, yote ni yako. Kodi ya nyumba yangu hulipwa zaidi na kwanjula, sherehe ya Kiganda ya kumtambulisha mchumba kwa familia ya binti, na kwangu hiyo ndiyo shule ngumu kuliko zote, maana hakuna kurudia. Mabinti wanatoka na magomesi yao, yale magauni marefu ya Kiganda, wanapiga magoti kusalimu wageni, mara moja tu. Mpiga kamera akibaki amesimama, atapata nywele zao. Mimi huwa nimeshapiga goti kabla yao, lenzi ikiwa usawa wa macho.