Filamu ya majaribio si filamu ya mazoezi

Juzi mshereheshaji alisimama mbele ya kitambaa cheupe kututambulishia filamu fupi ya dakika nane: mama anachambua mchele, mtoto anahangaika na kamba za viatu, pazia linapepea. "Tuivumilie," akasema, "ni filamu ya majaribio tu, mwenyewe bado anajifunza." Kijana aliyeitengeneza alikuwa safu ya pili. Aliinamisha kichwa. Iliniuma, maana kauli hiyo nimeisikia mara nyingi mno.

Filamu ya majaribio ni ile inayoiacha kwa makusudi njia iliyozoeleka ya kusimulia, ili kuona picha, sauti na muda vinaweza kufanya nini kingine. Basi.

Kinachotupoteza ni neno lenyewe. Mchezaji huenda kufanya majaribio klabuni, treni mpya hufanya safari ya majaribio; hapo majaribio hutangulia kazi yenyewe. Kwenye filamu hizi, jaribio ndiyo kazi yenyewe. Na kinachojaribiwa ni sinema, si uwezo wa aliyeitengeneza.

Jaribu limetoka kwenye Kiarabu, jarraba. Mzizi huohuo ndio uliotupa tajiriba, yaani uzoefu, yale mtu aliyoyapitia. Kwa Waarabu tajriba hubeba yote mawili, jaribio na uzoefu. Sisi tumeyatenganisha, tukasahau kuwa ni ndugu. Filamu za namna hii mara nyingi huwakutanisha tena: huchukua tajiriba ya kila siku, ya jikoni na kitandani, zikaifanyia jaribio.

Mwaka 1968 Chantal Akerman wa Ubelgiji, akiwa na miaka 18, alitengeneza filamu fupi iitwayo Saute ma ville, ya dakika kama 13. Msichana yuko jikoni: anakula tambi, anaziba mlango kwa utepe wa gundi, anamwaga maji na kupiga deki, anapaka viatu dawa hadi brashi inapanda mguuni. Sauti yake inaimbaimba juu ya picha, lakini mdomo hauifuati. Mwisho ni gesi, na mlipuko. Ndiyo, ilikuwa filamu yake ya kwanza. Ila haiitwi ya majaribio kwa sababu hiyo. Inaitwa hivyo kwa sababu kazi zilezile za nyumbani zimepangwa mpaka zinatisha.

Kwa hiyo, ndugu mshereheshaji, siku nyingine ukishika kipaza sauti, liondoe lile "tu". Sema ni filamu ya majaribio, mtaje aliyeitengeneza, kisha taa zizimwe.