Kesi ya ardhioevu huanzia shimoni

Kazi yangu ni udongo. Huitwa pale mwenye kiwanja anapopata barua ya serikali kwamba ardhi yake ni ardhioevu inayolindwa, asimwage hata toroli moja la kifusi bila kibali. Yeye akitazama anaona nyasi kavu. "Maji yako wapi?" huniuliza, na uchungu wake naujua: ameshalipa, ameshachoresha ramani ya nyumba.

Sibishani naye. Nachimba shimo la nusu mita, upana wa sepetu, na bonge la kwanza la udongo wa chini nampa alishike mwenyewe. Udongo unaolowa muda mrefu mwaka hadi mwaka hutunza kumbukumbu, hata ukiuona umekauka vumbi. Maji yakijaa, hewa huisha; vijidudu hugeukia chuma kilichomo udongoni, ule wekundu na ukahawia wa udongo huyeyuka na kuacha kijivu. Pale mzizi ulipopitisha hewa kidogo, chuma hurudi kuwa kutu. Basi ukilivunja bonge unakuta ukijivu, na ndani yake vistari vya rangi ya chungwa vikifuata njia ya mzizi hadi ncha yake. Mara nyingine hutoka harufu ya yai viza.

Rangi peke yake haitoshi. Mwongozo wa Marekani wa 1987 wa kutambua ardhioevu, ambao hadi leo ndio unaobishaniwa sana mahakamani, unadai ushahidi wa aina tatu: udongo, mimea inayostahimili maji, na maji yenyewe. Kwa maji, kipimo kinachotumika sana ni maji kutuama juu ya ardhi, au maji ya chini kufika ndani ya sentimita 30 za juu, kwa siku 14 mfululizo katika msimu wa mimea kukua, angalau miaka 5 kati ya 10. Hapo ndipo mawakili hupenya: vipimo vilichukuliwa mwaka wa mvua nyingi mno? Maji yametuama kwa sababu kalvati ya jirani imeziba? Ni maswali halali, na mtaalamu anayeyakwepa hafai kusimama kizimbani. Ila ugomvi mkubwa huwa ni mpaka wa ardhioevu unapita wapi. Mpaka huo huwekewa vibendera; kimoja kikisogezwa mita kumi, nyumba inapata nafasi au inaikosa.

Baada ya hapo linakuja swali ambalo udongo hauwezi kulijibu: je, ardhioevu hii ni ya aina ambayo sheria inaifikia? Watu huyachanganya maswali haya mawili, na wengine hupoteza fedha nyingi kupinga lile lisilowasaidia. Mfano ulio wazi ni kesi ya Marekani, Sackett dhidi ya EPA. Mume na mke walinunua kiwanja karibu na ziwa Priest, jimbo la Idaho, mwaka 2004. Walipoanza kukijaza kifusi, EPA, wakala wa mazingira wa serikali kuu, iliwaamuru wakirudishe kilivyokuwa, la sivyo faini ni zaidi ya dola 40,000 kwa siku. Hoja yake: ng'ambo ya barabara kuna mkondo unaoingia kijito kinachoishia ziwani. Ilibidi wafike Mahakama ya Juu mara mbili. Mwaka 2012 walipata tu haki ya kuipinga amri hiyo mahakamani. Mwaka 2023 ndipo wakashinda: majaji wote tisa walikubali kwamba kiwanja hicho hakiguswi na sheria ya maji safi ya 1972, na watano kati yao wakaweka kipimo kwamba ardhioevu iwe imeungana juu ya ardhi na maji yanayolindwa, hadi iwe vigumu kuona yanapoishia maji na inapoanzia ardhioevu.

Nilifurahi kwamba familia ile ilisikilizwa. Kusubiri miaka mingi chini ya tishio la faini si haki. Lakini kile kipimo kinaniumiza. Maji hupita chini ya barabara na chini ya tuta. Mkondo wa chini kwa chini hauonekani juu, na mto unaupokea vilevile. Jaji Kavanaugh, mmoja wa wale tisa, ingawa alikubali kwamba familia ile ishinde, alionya kuhusu ardhioevu zilizotengwa na mito kwa matuta ya kuzuia mafuriko.

Limebaki suala la fidia kwa aliyezuiwa kujenga, na hapa mwenye ardhi anahitaji kuwa mwangalifu mno. Katika kesi ya Lucas ya 1992, mahakama hiyohiyo ilisema kanuni ikiifuta thamani yote ya kiuchumi ya ardhi, kwa kawaida serikali hulipa. Katika kesi ya Palazzolo ya 2001, mwenye kinamasi cha maji chumvi alishindwa kuthibitisha hasara ya namna hiyo, kwa kuwa sehemu ya juu, iliyo kavu, bado ilikuwa na thamani ya dola 200,000. Kwa hiyo anayetaka kujenga huomba kibendera kisogee upande wa maji, na anayetaka fidia ya kila kitu huumizwa na kona ile ile kavu aliyoipigania. Nimekutana na mtu aliyezileta hoja zote mbili katika barua moja. Nilimwomba aketi kwanza na wakili wake, wachague, ndipo nije na sepetu.