Uyoga kofia ya kifo: kijiko cha fedha hakitakuokoa

Kuna uyoga mmoja ambao kila nikisoma watu wanavyouongelea nashika kichwa, unaitwa kofia ya kifo, jina la kitaalamu Amanita phalloides, na ndo unaoongoza kwa kuua watu kuliko uyoga mwingine wowote duniani. Na wenyewe wala hauna fujo, umetulia zake chini ya mti. Kinachoua zaidi ni yale maneno ya kurithishana, eti uyoga wa sumu unajulikana tu.

Eti ukiupika na kijiko cha fedha, kijiko kikiwa cheusi basi una sumu, kisipobadilika kula. Uongo mtupu. Fedha inaweza kuwa nyeusi hata ukilia yai la kuchemsha, kwa sababu ya salfa, na yai halijaua mtu, wakati huu uyoga utaupika na kijiko kikabaki kinang'aa vilevile. Testi ya kitunguu saumu, eti ukikipika nao kikibadilika rangi una sumu, nayo ni mulemule.

Eti uyoga wenye sumu ni mchungu. Waliopona wameeleza wenyewe kwamba ulikuwa mtamu, wengine wanausifu kabisa. Eti wanyama wakiula na wewe ni salama, basi jua konokono wanautafuna na sungura naye anaula na hawana shida, ini la sungura sio lako.

Hii ya kupika ndo inanikera zaidi. Kuna uyoga fulani ambao ukiuchemsha na kumwaga maji sumu yake inapungua, nadhani ndo mazoea yalipotokea, lakini sumu kuu ya huu, alfa-amanitini, haijali moto. Chemsha, kaanga, anika ukauke, gandisha kwenye friza, ukija kuutoa sumu iko palepale, na nusu ya kofia tu inatosha kumuua mtu mzima.

Sasa tuje kwenye dhana ambayo kwangu ni mbaya kuliko zote: "nimekula, sijaumwa, kwa hiyo niko poa", halafu ile ndugu yake, "nimetapika yote, sasa nimepona". Iko hivi, umekula usiku, unalala vizuri tu, kwa kawaida inapita masaa 6 mpaka 12, mara nyingine hata 24, hamna kitu. Halafu linaanza tumbo, kutapika na kuharisha maji matupu mpaka unakauka, inaenda hivyo siku nzima au zaidi. Kisha inatulia. Siku ya pili au ya tatu unaamka unajisikia mwepesi, unaomba hata uji, na watu wa nyumbani wanashukuru Mungu, kumbe muda huohuo ini linaharibika kimyakimya. Sumu ikishaingia kwenye seli za ini inazuia kimeng'enya kinachonakili maelekezo ya DNA, kwa hiyo seli haiwezi tena kutengeneza protini, inakufa. Halafu cheki ubaya wake, ini linajaribu kuitoa hiyo sumu kupitia nyongo, nyongo inaimwaga kwenye utumbo, utumbo unainyonya tena unairudisha kwenye ini, yaani inazunguka tu na kila mzunguko inapiga tena. Macho yakianza kuwa ya njano umeshachelewa sana, na figo nazo zinaweza kufuata.

Ndo maana mtu akishuku amekula hasubiri tumbo liume, anaenda hospitali saa hiyohiyo na mabaki aliyonayo, hata maganda. Kule atapewa maji mengi ya dripu, mkaa wa hospitali, dawa ya kulinda ini iitwayo silibinini ambayo inatoka kwenye mmea, na ini likishindwa kabisa kinachobaki ni kupandikizwa lingine. Dawa ya kumeza mara moja ikafuta sumu yote haipo. Maziwa? Sahau.

Ila kuushika tu haukudhuru, hapo watu wanazidisha uoga, sumu haipiti kwenye ngozi.

Kuhusu kuutambua, usiishie kwenye rangi. Kofia inakuwa ya kijani iliyopauka au manjano, ila upo mweupe kabisa pia. Ukiukata juujuu kwa kisu umejinyima ushahidi, maana chini kabisa ya shina, ndani ya udongo, ndo kuna kile kimfuko cheupe kama ganda la yai lililopasuka. Ukiwa bado mchanga wote unafanana na yai, lipasue katikati utaona umbo la uyoga limejikunja ndani. Watu waliotoka Asia ya kusini mashariki wamedhurika na sumu yake California na Australia kwa sababu unafanana sana na uyoga wa majani ya mpunga wanaoula kwao, na huo nao una kimfuko. Tofauti moja ni spora, yaani ule unga ambao uyoga unazaliana nao, za huu ni nyeupe, za ule zina rangi ya pinki. Apu ya simu inayoangalia picha ya kofia haitaona hayo yote.

Halafu kuna wanaodhani unaumaliza mti. Hapana, ni washirika. Nyuzi zake zinazifunika ncha za mizizi kama soksi, zinauletea mti maji na madini, mti unazilipa sukari. Kwa sababu hiyo haukai msitu wa mbali tu, asili yake ni Ulaya na ulisafiri na mizizi ya miti iliyohamishwa, mpaka ukafika Marekani, Australia na Afrika Kusini, na mwaloni uliopandwa pembeni ya barabara unautosha. Canberra, mji mkuu wa Australia, mwisho wa mwaka 2011, watu walikula chakula cha mkesha chenye huu uyoga, wawili wakafa.

Ukiung'oa umetoa tunda tu, mwili wenyewe uko chini umeshikana na mizizi, na mvua ikinyesha tena kwa wakati wake utaukuta mwingine palepale.