Mkwawa hakufia Kalenga, na safari haianzii kwenye fuvu

Nimeliona tena. Mtu kapiga picha mlangoni mwa makumbusho ya Kalenga, kaandika chini yake kwamba hapo ndipo Mtwa Mkwawa, mtawala wa Wahehe, alipojiua baada ya Wajerumani kuivunja ngome yake. Watu wameipenda, wameisambaza, na kwenye maoni hakuna hata mmoja aliyesema sivyo. Kila msimu wa likizo nalisikia hili kwa wageni wa Dar, kwa walimu wanaoleta wanafunzi, hata kwa vijana wa hapa Iringa mjini ambao Kalenga kwao ni safari ya daladala moja tu. Mimi kazi yangu ni kutembeza watu, na nimekuwa nikijibu kwa mistari miwili mitatu. Leo naandika yote.

Kalenga ilianguka tarehe 30 Oktoba 1894. Mkwawa alikufa tarehe 19 Julai 1898, Mlambalasi, upande wa barabara ya kwenda Idodi na hifadhi ya Ruaha. Katikati hapo kuna karibu miaka minne. Ukiiruka, umevikosa vita vyenyewe, umebaki na ngome na risasi.

Na miaka hiyo huwezi kuielewa ukiwa umesimama mbele ya kabati la kioo lenye fuvu linaloitwa la Mkwawa, pale makumbusho ya Kalenga. Ndiyo maana siku naianzia sokoni, na ndiyo maana kila mara nabishana na wageni. "Kaka, soko tutapitia jioni, tupeleke kwanza kwenye fuvu." Hapana. Vita vya Wahehe na Wajerumani, tangu ngome ilipovunjwa hadi mwisho, vilikuwa vita vya chakula: nani analima, nani ana ghala, nani anampelekea nani unga usiku. Asiyejua chakula cha nchi hii kinatoka wapi na kinaisha lini, nitamweleza nini?

Basi asubuhi tuko Soko Kuu, tunazunguka hadi Mashine Tatu. Sisemi mengi. Nawaambia wasalimie kwa Kihehe, "kamwene," wasubiri waitikiwe, kisha waulize maswali mawili tu: hiki kimetoka wapi, na mwezi wa pili unakula nini? Mchele watajibiwa ni wa Pawaga au Idodi. Perege wakavu, Mtera. Vitunguu vimepanda kutoka Ruaha Mbuyuni, nyanya za kwenye matenga zimeshuka kutoka Kilolo. Ukizifuata hizo bidhaa moja moja utakuta karibu zote ziko kwenye maji ya Ruaha, Mkuu au Mdogo. Ruaha Mdogo unatoka nyanda za Mufindi, unapita Ipogolo chini ya mji, unapita Kalenga, unamwagilia mashamba ya mpunga Pawaga, kisha unaingia Ruaha Mkuu. Mto huohuo mmoja.

Swali la pili ndilo linalowafungua macho. Mama anayepima mahindi kwa sado, mkono wa kushoto kauzungushia ukingoni ili kilele kisimwagike, anaacha kupima anapoulizwa habari ya mwezi wa pili. Mahindi ya mashamba ya juu yanavunwa Juni na Julai. Ikifika Januari, Februari, ghala la mtu wa kawaida limekwisha, na mvua bado inanyesha, shamba jipya bado bichi. Atakujibu: vinyungu. Mahindi mabichi, maharage, viazi na mboga za bondeni, zilizopandwa wakati wa kiangazi kwenye matuta ya ardhi yenye unyevu kandokando ya mto. Vinyungu ndivyo vinavyomvusha. (Sheria ya mazingira ya 2004 inakataza shughuli ndani ya mita 60 kutoka mtoni, na kelele zake mabondeni kwetu hazijaisha. Hiyo ni habari nyingine, ila mgeni aliyeshuka bondeni anaelewa haraka kwa nini inawauma watu.)

Kutoka sokoni tunashuka Ipogolo, tunasimama kidogo mtoni, halafu tunashika barabara ya Morogoro hadi Lugalo.

Lugalo nitapita haraka kwa sababu wengi wanaijua kwa kiasi. Tarehe 17 Agosti 1891, kikosi cha kamanda wa Kijerumani Emil von Zelewski kilivamiwa na Wahehe kikiwa safarini, kikapoteza zaidi ya askari mia mbili, wapagazi wengi, na Zelewski mwenyewe. Wajerumani baadaye walijenga mnara wa kuwakumbuka watu wao, nao ungali upo. Jambo moja tu nalikazia. Watu hupenda kusema mkuki uliishinda mizinga. Mizinga haikupata nafasi ya kupigana: ilikuwa imefungwa migongoni mwa punda. Askari walikuwa kwenye mstari mrefu wa mmojammoja, na Wahehe walikuwa wamewasubiri kwenye mteremko wenye mawe na vichaka. Huo ni ufundi wa kupanga vita, na anayeuita muujiza anawapunguzia sifa waliokaa kimya vichakani hadi saa ilipofika.

Jingine: waliolala pale wengi wao si Wajerumani. Walikuwa Wasudani, watu wa upande wa Msumbiji waliokuwa wakiitwa Wazulu, na wapagazi. Nawataja kila mara, hata kama mgeni hakuja kwa ajili yao.

Sasa angalia tarehe. Agosti 1891. Oktoba 1894. Julai 1898. Zote kiangazi. Jeshi la wakati ule lilitembea kwa miguu na mizigo ilikuwa vichwani mwa watu. Lilihitaji njia kavu, mito inayovukika, na vijiji ambavyo vimekwisha kuvuna, kwa sababu lilikula njiani, na lilikula cha watu. Zelewski alikuwa amechoma vijiji kabla hajafika Lugalo. Mgeni aliyetoka kuongea na yule mama wa sado hahitaji nimweleze kijiji kilichochomwa mwezi wa nane kitakula nini mwezi wa pili.

Kalenga. Hapa nitakaa, maana hapa ndipo penye kosa.

Wageni wanafika wakitarajia kuta. Kilichobaki cha ngome ni kidogo mno, kijiji kimejengwa juu yake, watu wanalima, watoto wanatoka shule. Makumbusho yenyewe ni jengo dogo. Urefu wa ukuta utausikia kwa vipimo tofauti kila unapouliza, na mimi sitaji hata kimoja. Linalojulikana ni kwamba gavana wa Kijerumani, von Schele, alikuja mwenyewe na jeshi kubwa, Tom von Prince akiwa miongoni mwa maofisa wake, wakaupenya ukuta, wakapigana nyumba hadi nyumba, na Mkwawa akatoka akiwa hai.

Akatoka hai! Hilo ndilo ninalotaka liandikwe chini ya picha. Na von Schele hakukaa. Aliondoka kurudi pwani, na njiani Wahehe wakamshambulia. Mtu aliyeshindwa kabisa hamvizii mshindi wake njiani siku chache baadaye. Ni mpaka 1896 Prince aliporudi na kujenga kituo cha kudumu juu ya mlima, ndiyo Iringa hii ya leo yenye soko tulilotoka asubuhi. Yaani mji wenyewe umezaliwa katika ile miaka minne ambayo watu wanairuka.

Huko ndani ya miaka hiyo mambo hayakuwa ya kishujaa kila siku, na hapa vitabu vya shule vinakimbia. Wajerumani walichukua ng'ombe, wakateketeza mashamba, wakawaadhibu waliompa Mkwawa chakula. Mwishoni mwa 1896 walimsimika mdogo wake, Mpangile, awe mtawala. Miezi michache haikufika wakamuua, kwa kumshuku kwamba anamsaidia kaka yake. Halafu wakatangaza rupia 5,000 kwa kichwa cha Mkwawa. Piga picha familia iliyo bondeni, ghala limebaki robo, na usiku kuna mtu anabisha hodi anaomba unga wa Mtwa. Ukimpa, ukijulikana umekwisha. Ukimnyima, umemnyima Mtwa, naye hakuwa mtu wa kunyimwa. Wengi walitoa. Wengine walitoa kwa kuogopa. Kuna wageni hawapendi niseme hilo la pili, wanaona namvunjia heshima. Mimi naona wanaovunjiwa heshima ni hao wa bondeni, wanapogeuzwa kuwa watu wasiokuwa na njaa wala hofu.

Kuna Wasangu pia. Mgeni akitoka Mbarali, kule Mbeya, husikiliza kimya hadi tufike kwenye Merere, mtawala wa Wasangu, kisha anauliza. Wahehe chini ya baba yake Mkwawa, Munyigumba, na chini ya Mkwawa mwenyewe, waliwapiga Wasangu na kuwaondoa kwao. Merere alipoona Wajerumani, aliona njia ya kurudi nyumbani, akawa upande wao. Kwetu Iringa hilo linasemwa kwa sauti ya chini, na mtu akilisema anaitwa msaliti wa historia. Lakini kipo kisa kingine kinachofanana nacho kwetu wenyewe: Maji Maji ilipowaka 1905, Wahehe kwa jumla hawakujiunga. Ukikijua hiki, utampa na Merere haki ya kusikilizwa. Kaulimbiu ya mzungu upande huu na mwafrika upande ule haitoshi kwa nchi hii, na kila nikiisikia ikitamkwa pale Kalenga mbele ya wanafunzi natamani kuikata katikati.

Sasa fuvu. Ndiyo, liko pale, ndani ya kioo, na sikatazi mtu kulitazama kwa heshima. Lakini kama utalisimulia, lisimulie lote. Mkataba wa Versailles wa 1919, kifungu cha 246, uliitaka Ujerumani ilikabidhi fuvu la Mkwawa kwa serikali ya Uingereza. Halikurudi. Twining, gavana Mwingereza wa Tanganyika, ndiye aliyelifuata makumbusho ya Bremen mwaka 1953, na kule alikuta mafuvu mengi. Lililochaguliwa lilichaguliwa kwa vipimo, vikilinganishwa na vichwa vya ukoo, na kwa tundu la risasi. Tarehe 19 Juni 1954 akamkabidhi Chifu Adam Sapi Mkwawa, yule ambaye baadaye alikuwa Spika wa Bunge.

Vipimo na tundu. Huo ndio ushahidi. Wapo wasomi walioutilia shaka waziwazi, nami ninaposimama pale nina shaka hiyo, na naisema. Sijawahi kuona mzee wa Kalenga akikasirika kwa kuisikia. Wanaokasirika ni wageni, waliosafiri kutoka mbali wakitaka uhakika. Kwangu, kilichorudi 1954 kilipokelewa na wenyewe kama kichwa cha babu yao, na ukoo uliokipokea unazikana hatua chache kutoka hapo. Hilo halihitaji kipimo. Lakini ukisema sayansi imethibitisha, umesema uongo, na mwanafunzi ataubeba.

Mchana tunaelekea Mlambalasi. Wengi wanaiacha kwa sababu haina tiketi ya kujivunia wala kioo, ila ndiyo sehemu ninayoililia. Jabali, vichaka, kaburi la mwili uliozikwa bila kichwa. Wanaakiolojia wamechimba chini ya jabali hilo na kukuta mabaki ya watu wa Zama za Mawe, wa maelfu ya miaka kabla ya Mkwawa kuzaliwa. Julai 1898 alikuwa mgonjwa, amebaki na vijana wawili watatu. Mmoja alikamatwa na doria ya Sajini Merkl, akaonyesha njia. Kwa taarifa ya Merkl mwenyewe, aliona watu wawili wamelala, akakipiga kichwa kimoja risasi, akasogea na kukuta wote wawili wamekwisha kufa. Mkwawa alikuwa amejipiga mwenyewe. Risasi ngapi zilipita kichwani, basi? Rudi kwenye lile tundu la Bremen ulifikirie tena. Ndiyo maana Mlambalasi inakuja baada ya Kalenga.

Ukitaka kuja: kiangazi ni vumbi na jua kali, masika barabara inateleza, na miezi ya mvua ndiyo miezi ya ulanzi mtamu, pombe yetu ya mianzi. Ulanzi tunakunywa tukirudi, sitapandisha mtu jabali la Mlambalasi akiwa na ulanzi kichwani. Viatu vya kufunga, maji ya kutosha, na hela ndogondogo za sokoni, kwa sababu hutapita kwa yule mama wa sado ukamhoji robo saa bila kununua kitu. Wanaoniomba niongeze Boma, jengo la zamani la Wajerumani, na yale makaburi ya vita yaliyo mjini, hiyo naiweka siku ya pili. Waingereza waliingia Iringa Agosti 1916, ni vita vingine, Vita vya Kwanza vya Dunia, na nimekwisha kuona picha ya makaburi yale imeandikwa chini yake "mashujaa wa Mkwawa."