Tamthilia ya Kihindi Si Jela ya Walioshindwa Muvi

Nimechoka. Kila tukipokea tamthilia ya Kihindi ya kuingizia sauti za Kiswahili, kabla hata hatujagawana wahusika, lazima atokee mmoja, simu mkononi, katoka kusoma wasifu wa stelingi: “Kaka, kumbe huyu alianzia kwenye muvi, mambo yakakataa, ndiyo akakimbilia tamthilia.” Na wenzake wanaitikia kama kwaya. Juzi kalisema tena mtu mzima kabisa, anayelipwa kuandika habari za burudani. Basi leo naandika, nikiulizwa tena natuma kiungo, naendelea na chai yangu.

Kwa wasionijua: mimi ni mwelekezi wa sauti hapa Dar. Tamthilia ikifika, mimi ndiye ninayekaa na uso wa mwigizaji, sentensi kwa sentensi, mbele na nyuma, hadi nijue anapopumua, anapomeza mate, anapofungua mdomo kutaka kusema halafu akaghairi. Hadithi huwa naisahau mapema. Uso siusahau.

Tumchukue Ronit Roy, maana ndiye mfano wanaoupenda wenye hoja hiyo, na kwa juu juu wanaonekana wana haki. Kazaliwa 1965, Nagpur. Akasomea mambo ya hoteli, akaenda Mumbai na ndoto ya sinema, akaishia kwanza hotelini, kuosha vyombo na kuhudumia meza vikiwemo. Mwaka 1992 akapata ustelingi kwenye Jaan Tere Naam, na muvi ikafanya vizuri. Kwa kawaida mtu hapo ametoka. Yeye hakutoka. Zilizofuata zikapita kimya kimya, kazi zikakauka, akaja kufungua kampuni ya ulinzi iliyowalinda mastaa ambao yeye mwenyewe alitaka kuwa mwenzao. Halafu mwanzoni mwa miaka ya 2000 akaingia kwenye tamthilia za Balaji, kampuni ya Ekta Kapoor: Rishabh Bajaj katika Kasautii Zindagii Kay, na Mihir katika Kyunki Saas Bhi Kabhi Bahu Thi.

Kwa hiyo ndiyo, muvi zilimkataa. Sibishi hata kidogo. Ninachobishia ni kwamba hoja hiyo inaeleza namna alivyoingia tu, halafu mtu anaitandaza juu ya miaka zaidi ya ishirini iliyofuata kana kwamba imeeleza kitu. Walioshindwa muvi Mumbai ni wengi kuliko abiria wa Mbagala saa kumi na mbili jioni. Wangapi kati yao unawajua kwa jina? Kushindwa hakumweki mtu kwenye runinga. Ingekuwa hivyo, runinga ingekuwa imejaa.

Na njia yenyewe ina pande mbili. Shah Rukh Khan alijulikana kwanza kwa Fauji, tamthilia ya 1989. Irrfan Khan alikula miaka kwenye runinga kabla dunia haijamjua. Vidya Balan alikuwemo kwenye Hum Paanch, Sushant Singh Rajput alitokea Pavitra Rishta. Hao hamsemi “walishindwa tamthilia wakakimbilia muvi”. Shivaji Satam, yule mzee wa CID, tamthilia ya upelelezi, alikuwa keshia wa benki. Haya, yeye alishindwa nini? Kuhesabu hela?

Sasa tuje kwenye jambo linalonikera kweli, maana hilo la muvi ni utangulizi tu. Ni lile cheko la “wanageuka mara tatu”. Unalijua. Mtu katamka siri, muziki unapiga dhum, uso wa kwanza unageuka, dhum, uso uleule kwa pembeni, dhum, uso uleule umekaribia zaidi. Kisha bibi, shangazi, wifi, mlinzi wa getini, kila mtu na zamu yake ya kushtuka. Watu wanaiga kwenye harusi, tunacheka, mimi pia nacheka. Lakini kutoka hapo kuja kusema “ndiyo maana hawakufaa muvi” ni kumlaumu mwigizaji kwa mkono wa mhariri.

Huyo mwigizaji hakugeuka mara tatu. Mara nyingi aligeuka mara moja tu, na picha ikarudiwa mezani kwa sababu sehemu ya siku hiyo ilikuwa fupi, au kwa sababu soko limezoea hivyo. Tamthilia ya kila siku inahitaji dakika ishirini na kitu kila jioni, siku tano kwa wiki, siku hizi sita au saba. Zamu ya kurekodi ni saa kumi na mbili, na mara nyingi inavuka hapo. Karatasi za mazungumzo zinaweza kufika siku hiyohiyo, mtu akiwa kwenye kiti cha vipodozi. Sebule ina watu kumi na wawili na kila mmoja anadai picha yake ya karibu, kwa hiyo nyuso zinarekodiwa moja baada ya nyingine, na mwenzako aliyekutamkia hiyo siri huenda amekwenda chumba kingine kurekodi tukio lake, au kesharudi nyumbani. Unaangalia stendi ya taa. Unaambiwa: shtuka. Sasa yenye hasira. Sasa yenye machozi lakini yasidondoke. Sasa ya kawaida, tutaitumia wiki ijayo.

Shtukia stendi ya taa kwa miaka sita, kisha uje tuongee habari za muvi.

Hapo ndipo ninapomtumia Roy kama somo kwa sauti changa. Angalia vipande vya Bajaj. Karibu hafanyi kitu. Wenzake wanapayuka, yeye anashusha sauti. Kichwa kinakaa palepale, macho yanafika kwa mtu kabla ya maneno, na mwisho wa sentensi anaumalizia kifuani, midomo ikiwa imefungwa nusu. Mtu anayepayuka ni rahisi kumwingizia sauti, unapayuka naye, kosa linafichwa na kelele. Huyu wa kunong’ona na kunyamaza ndiye anayekuvua nguo. Ukichelewa kidogo tu, mtazamaji anaona. Ukijaza ule ukimya kwa “aaah” au “mmh” ya kwako, na vijana wangu wanaipenda sana hiyo, umeua tukio zima.

Ukimya wake una faida nyingine ambayo hakuna anayeitaja. Mhariri akirudia picha ya mtu anayetumbua macho, mara ya tatu ni kichekesho. Akirudia picha ya mtu ambaye uso wake haujafanya kitu, mtazamaji anaujaza mwenyewe: ana hasira huyu, hapana, ameumia, hapana, anapanga jambo. Picha ileile inabeba maana tatu. Sijui kama aliipanga hivyo au ni tabia yake tu, ila inafanya kazi, na nadhani ni sehemu kubwa ya sababu ya mzee Bajaj kuwa kipenzi wakati hata stelingi wa hadithi hakuwa yeye.

Tena alikuwa anafanya nafasi mbili kwa pamoja. Kasautii na Kyunki zote zilikuwa chaneli moja, Star Plus, na jioni moja mtu angeweza kumwona Roy akiwa bilionea baridi, kisha baadaye kidogo akiwa Mihir, mume wa Tulsi, stelingi wa kike wa Kyunki, mtoto wa mama, mlaini. Zote zikaisha 2008. Watu hawakuwachanganya. Nafasi ya Mihir nayo hakuizaa yeye: alikuwa wa tatu. Wa kwanza, Amar Upadhyay, mhusika wake aliuawa kwenye hadithi, watazamaji wakapandisha mori hadi watayarishaji wakamfufua. Upadhyay alipoondoka akaingia Inder Kumar kwa muda, ndipo Roy. Hebu fikiria: unakabidhiwa marehemu ambaye nchi nzima imeshamlilia na kumshangilia alipofufuka, akiwa na uso wa mtu mwingine.

Hili watu hawalielewi kabisa. Kwenye muvi, nafasi ni ya mwigizaji. Kwenye tamthilia ya kila siku, mhusika ni mali ya kampuni na chaneli, na mwigizaji ni mpangaji tu. Smriti Irani alikuwa Tulsi, jina kubwa kuliko jina lake mwenyewe, lakini 2007 Tulsi akawa Gautami Kapoor, kisha Irani akarudi kabla ya mwisho. Kila Alhamisi takwimu za watazamaji zinatoka, zikishuka hadithi inapigwa kona: ajali, kupoteza kumbukumbu, pacha, au mruko wa miaka ishirini. Kudumu humo kunamaanisha kila wiki mtu amekaa na namba akaamua bado unalipa. Na wewe hela yako, kwa desturi ya kazi ile, unaisubiri siku tisini. Kazi ziliposimama Machi 2020 kwa sababu ya korona, madai ya malipo ya nyuma yalisikika hadi kwa wasiofuatilia.

Mruko wa miaka una hesabu yake ya ajabu. Irani alianza Tulsi Julai 2000 akiwa na miaka 24, bi harusi mpya. Alipomaliza Novemba 2008 alikuwa na 32 na Tulsi ni bibi mwenye wajukuu. Roy mvi za Bajaj alipakwa akiwa na miaka thelathini na kitu, zikamfungulia milango: baada yake akaitwa kucheza mababa, mawakili, wakuu. Kwa mwanamume mvi ni daraja. Kwa wanawake wengi wa kizazi kile ilikuwa ni kupakwa uzee wa mapema, na ukishacheza mama wa mtu unayelingana naye kwa umri, kurudi kuwa bi harusi ni ngumu. Irani alikwenda kwenye siasa akawa waziri, lakini hiyo si njia ya kila mtu. Ninaposifia maisha marefu ya kazi hii najua kabisa ninasifia kitu kilichogawanywa vibaya.

Rudi kwa Roy. Mwaka 2010 yalimtokea mawili. Kwenye runinga akaanza Adaalat, wakili K.D. Pathak, iliyokwenda hadi 2015, ikarudi tena 2016. Kwenye sinema akatoka na Udaan ya mwongozaji Vikramaditya Motwane, iliyofika hadi tamasha la filamu la Cannes: baba wa Jamshedpur anayewataka wanawe wamwite “sir”, anayekimbia na kijana wake asubuhi kana kwamba ni adhabu. Akachukua tuzo ya Filmfare ya mwigizaji msaidizi. Tazama uso wa baba yule wakati mtoto anajaribu kumwambia jambo. Ni ule ukimya wa Bajaj, umeondolewa suti, muziki na dhum. Wenye hoja yao wakasema “kabahatika kurudi”. Kurudi kutoka wapi? Alikuwa mbele ya kamera karibu kila siku.

Hapa nikiri shaka yangu, maana sitaki mnione wakili wake. Siwezi kuthibitisha kwamba tamthilia ndiyo iliyompika. Huenda kipaji kilikuwepo 1992 na hakuna aliyejua namna ya kukitumia. Inawezekana hata tamthilia ilimharibu kidogo, na Motwane akalazimika kumkwangua. Kuna vipande vya miaka ya mwisho ya Kyunki ambavyo nikiviangalia naona jicho limekuwa mashine: linafika mahali sahihi, kwa wakati sahihi, ndani hamna mtu. Siku nyingine nikiviangalia vipande hivyohivyo naona uchovu wa mhusika mwenyewe, Mihir aliyechoka na ukoo wake. Nimewahi kubishana na mwenzangu wa studio juu ya kipande kimoja hadi umeme ukakatika, na hatukukubaliana.

Dilip Joshi ananitia shaka ya aina nyingine. Tangu Julai 2008 ni Jethalal kwenye Taarak Mehta Ka Ooltah Chashmah, maelfu ya sehemu. Kabla ya hapo alikuwa na vipande vidogo kwenye muvi kubwa, Maine Pyar Kiya ya 1989 ikiwemo. Je, huyo amedumu, au amenaswa? Satam vilevile: CID tangu 1998 hadi 2018, vidole vikizungushwa hewani vilevile, kisha ikarudi Desemba 2024. Mwaka uliofuata wakamlipua kwa bomu kwenye hadithi, mashabiki wakachachamaa, akarudi mzima. Lakini ni timu hiyohiyo iliyorekodi sehemu ya dakika 111 mwaka 2004 bila kukata kamera hata mara moja. Mwambie staa wako wa muvi ajaribu.

Roy bado yupo kazini. Kyunki ilipofufuliwa Julai 2025, Tulsi akawa Irani tena, na Mihir akapewa Amar Upadhyay, yule wa kwanza. Roy wakati huo alikuwa chaneli ya Sony, mfalme Someshwar kwenye tamthilia ya Prithviraj Chauhan, akiongea polepole.